Krystyna Janda na tuzo iliyochelewa

Ndugu, umeuliza ilikuwaje Krystyna Janda, mwigizaji wa Poland, apewe tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 1990 kwa filamu iliyotengenezwa miaka mingi kabla. Jibu limo katika siasa za Poland. Filamu hiyo, "Przesłuchanie" (yaani "Mahojiano") ya mwongozaji Ryszard Bugajski, ilitengenezwa wakati uleule utawala wa kijeshi ulipotangazwa, Desemba 1981, na kwa kuwa inamwonyesha mwimbaji asiye na hatia akiteswa na maofisa wa usalama wa enzi za Stalin, serikali iliifungia hadi mwaka 1989. Kabla ya hapo watu waliitazama kwa siri kwenye kanda za video zilizonakiliwa kwa magendo.

Janda alizaliwa Starachowice mwaka 1952, akasomea uigizaji Warsaw, kisha mwongozaji Andrzej Wajda akampa nafasi ya Agnieszka, mwanafunzi wa filamu, katika filamu "Człowiek z marmuru" ("Mtu wa Marumaru"), ambamo anatembea kwa hatua ndefu, begi begani, akiwabana wakubwa kwa maswali wasiyotaka kuyajibu.

Hata hivyo, mimi ningekushauri uanze na "Tatarak" ya mwaka 2009, ambayo nadhani haijapewa heshima inayostahili. Humo, akiwa peke yake katika chumba chenye mwanga hafifu, anasimulia ugonjwa na kifo cha mumewe, mpiga picha za filamu Edward Kłosiński, aliyefariki mwaka 2008.

Siku hizi utampata zaidi jukwaani, katika Teatr Polonia aliyoianzisha ndani ya jengo la sinema ya zamani jijini Warsaw.