Kobe au kasa: yupi aliyeubeba mlima?

Swali: Ninaandika makala kuhusu wanyama katika visasili na dini. Vishnu, mungu wa Wahindu, alipojigeuza ili aubebe mlima Mandara baharini, niseme alikuwa kobe au kasa? Tena, ni sawa kuandika kwamba mnyama huyu "anasimamia" maisha marefu?

Jibu: Andika kobe. Bila shaka ni bahari iliyokutatiza, maana kwa Kiswahili mwenye gamba aishiye baharini ni kasa. Kifaransa na Kijerumani vina neno moja kwa wote wawili. Sisi tumewatenga, kwa hiyo mwandishi hana budi kuchagua.

Mguse kobe kichwani: hukirudisha ndani ya gamba, na miguu pia. Kasa hawezi. Kichwa chake na mapezi yake hubaki nje siku zote. Sasa soma Bhagavad Gita, kitabu kitakatifu cha Wahindu, sura ya 2, ubeti wa 58. Mwenye hekima thabiti anafananishwa na kurma (yaani kobe, kwa Kisanskriti) arudishaye viungo vyake ndani, kwa kuwa naye huziondoa hisi zake kwenye vitu vinavyozivuta. Ukimtia kasa hapo, tashbihi nzima imekufa. Na Kurma ndilo jina la umbo alilolitwaa Vishnu, siku miungu na asura, mahasimu wao, walipoisukasuka bahari ya maziwa wakitafuta amrita, kinywaji cha kutokufa, nyoka Vasuki akiwa ndiye kamba yao. Neno la Kisanskriti ni lile lile, basi nawe usilibadilishe katikati ya makala.

Isitoshe, kobe ndilo neno pana. Husema "kobe wa maji" na ukaeleweka. "Kasa wa nchi kavu" sijamsikia mtu akisema. Ndiyo maana hata katika masimulizi ya Wahaudenosaunee wa Amerika Kaskazini, ambapo Mwanamke wa Mbinguni anaanguka na ardhi inaumbwa kwa tope juu ya mgongo wa mnyama huyu, ningeandika kobe. Hao ni watu wa maziwa na mito, na vipande vikubwa 13 vya gamba lake wanavihesabu kuwa miezi 13 ya mwaka. Kasa mwache kwa masimulizi ya bahari ya chumvi, ambamo mapezi yanaonekana wazi.

Kuhusu "anasimamia", hapana. Msimamizi huwa na kazi anayoiangalia. Msomaji atamwona kobe akikagua maisha marefu. Sema "kobe ni ishara ya maisha marefu" au "anaashiria". "Anawakilisha" linapita, ingawa mimi hupenda zaidi ishara.

Jambo moja hukuuliza, lakini limo katika sentensi uliyoniletea: "kobe hizi". Kobe ana uhai, kwa hiyo ni kobe huyu, kobe hawa. Hata Xuanwu wa Wachina, kobe aliyezongwa na nyoka, mlinzi wa kaskazini: kobe *wake*, nyoka *wake*, wote *wanaashiria*.