Mauzo ya leo kuandikwa ya jana: majibu kwa wasomaji

Nimemtengenezea mwenye duka la dawa la hapa Majengo programu ya mauzo. Anauza usiku kucha, lakini mauzo ya saa nane usiku yanaingia tarehe ya jana. (Dodoma)

Seva yako (kompyuta inayotunza mauzo) inafuata UTC, saa ya pamoja ya dunia, nasi tumeitangulia kwa saa 3. Saa nane usiku kwetu, kwake ni 23:00 ya jana. Acha hifadhidata ibaki na UTC. Ripoti ndiyo igeuze muda kabla ya kugawa siku. Ila muulize kwanza mwenye duka: pengine anafunga hesabu asubuhi, zamu zinapopokezana.

Kwenye orodha ya kanda za saa ya kompyuta mbona Dodoma haipo, na ndiyo makao makuu? (Singida)

Orodha ile haijali makao makuu. New York imo, Washington haimo. Chagua Africa/Dar_es_Salaam, nchi nzima saa ni moja.

Mwanafunzi aliyezaliwa tarehe 5 anasomeka tarehe 4. (Kondoa)

Programu imeifanya tarehe kuwa saa sita usiku ya kwetu, kisha ikaipeleka UTC: 21:00 ya tarehe 4. Siku ya kuzaliwa haina saa wala kanda. Ihifadhi tarehe tupu, 2015-03-05, basi.

Kikao na mteja wa London kilikuwa saa 10 jioni, sasa anataka saa 9. (Dodoma)

Hajabadilisha kitu. Uingereza husogeza saa mbele Jumapili ya mwisho ya Machi na kuirudisha Jumapili ya mwisho ya Oktoba, kwa hiyo tofauti yetu huwa saa 3, kisha 2. Kikao cha kujirudia kihifadhi kwa saa ya London pamoja na jina Europe/London. UTC inafaa kwa jambo lililokwisha tokea.

Tiketi za basi: abiria anaandika “saa 12 asubuhi”, mfumo unaweka 12:00. (Manyoni)

Na akifika saa sita mchana, basi limeshaondoka zamani! Usimwachie nafasi ya kuandika anavyotaka. Mpe orodha ya safari zilizopo, kila moja ikionyesha saa zote mbili: saa 12 asubuhi (06:00).

Hatari zaidi ni basi la usiku. Mtu akisema “Jumamosi saa nane usiku”, wengi wanamaanisha usiku wa kuamkia Jumapili, wakati kalenda ya kompyuta inaelewa saa 24 kabla ya hapo. Kwenye tiketi andika hivyohivyo, “usiku wa kuamkia Jumapili”, na tarehe ya Jumapili kando yake.

Naandika mwezi wa 1, JavaScript (lugha ya kuandikia programu) inatoa Februari. (Mpwapwa)

Miezi inaihesabu kuanzia 0, siku za mwezi kuanzia 1. Izoee tu.