Kutoka Tamthilia Hadi Bongo Fleva: Wasomaji Wanauliza

SWALI: Habari za kazi. Binti yangu ana miaka 16, yuko kidato cha tatu, anaigiza tamthilia ya vijana na hapa Kigoma anajulikana. Sasa anataka kuimba. Prodyuza kampa biti ya bure na mkataba wa kurasa mbili, anataka usainiwe wiki hii. Tufanyeje?
Mama wa Mwanga, Kigoma

JIBU: Mama, asisaini. Hajatimiza miaka 18, na wewe usimsainie kabla wakili hajausoma. Angalieni ni wa miaka mingapi, masta ya wimbo (rekodi yake halisi) ni ya nani, mapato yanagawanywaje, na chaneli ya YouTube imefunguliwa kwa barua pepe ya nani. Hapo pa mwisho ndipo wengi wanapoumia: wakikosana, mwenye nywila anabaki na wimbo, mashabiki na malipo. Fungueni kwa barua pepe yako. Biti nayo iandikiwe karatasi, la sivyo kesho anapewa mwingine.

Someni pia mkataba wa tamthilia, maana jina la mhusika kwa kawaida ni mali ya watayarishaji. Miley Cyrus wa Marekani alianza kuimba kama Hannah Montana, mhusika wake wa tamthilia ya televisheni. Mwaka 2007 ikatoka albamu ya diski mbili, moja ya mhusika, ya pili kwa jina lake mwenyewe. Binti aanze na jina lake tangu wimbo wa kwanza.

Sasa sauti, na hapa msiharakishe. Kosa kubwa ni kuimbia biti iliyotengenezwa kwa kii (kimo cha sauti) isiyo yake. Akae na kinanda, apande noti moja moja. Ile ya juu kabisa anayoishikilia sekunde nne bila kukaza shingo ndiyo mwisho wake. Kilele cha kiitikio kiwe toni moja (vitufe viwili vya kinanda, ukihesabu na vyeusi) chini ya hapo. Prodyuza akiambiwa ashushe kii ya biti, ni kazi ya dakika chache tu.

Ajirekodi kwa simu mpaka mashairi yatoke bila karatasi. Studio, mdomo uwe shubiri moja kutoka kwenye maiki. Akisogea karibu zaidi besi inavimba na herufi "p" zinapasuka. Aimbe wimbo mzima mara tatu, kisha kiitikio akikazie kwa sauti mbili za ziada. Autotune, programu ya kunyoosha sauti, kidogo si mbaya, lakini ikibeba wimbo mzima, siku ya kuimba mubashara Uwanja wa Lake Tanganyika ataumbuka. Asiondoke bila faili tatu za WAV (sauti isiyobanwa): wimbo kamili, ala tupu, sauti tupu. Ala tupu ndiyo ya jukwaani.

Msanii asajiliwe BASATA (Baraza la Sanaa la Taifa), wimbo COSOTA (ofisi ya hakimiliki). Kurekodi kusubiri likizo ya Juni au Desemba.

SWALI: Wimbo wa kwanza lazima uwe na video?
Msomaji, Tabora

JIBU: Hapana. Video ya maneno, ya mashairi yakipita kwenye skrini, inatosha. Fedha iende kwenye miksi (kusawazisha sauti na ala) na mastaring (kuung'arisha wimbo mwishoni), kisha sikilizeni kwa spika ya simu: mashairi yakimezwa na ngoma, rudisheni studio kabla hamjautoa.