Kabla hujazima ulinzi wa Windows, soma namba ya CH341A yako

Programa yangu ya CH341A (kifaa cha USB cha kusoma na kuandika chipu ya BIOS, yaani programu inayoiamsha kompyuta), ile nyeusi ya bei poa ambayo mafundi wengi wa laptop wanayo, ilinitumikia miaka mingi kwenye kompyuta ya Windows 7. Kompyuta ile ilipokufa nikahamia Windows 11, nikaichomeka: pembetatu ya njano, ishara kwamba draiva, programu ya kuifanya Windows ikitumie kifaa, haijakaa sawa. Na ile CD ndogo ya draiva? Mashine mpya haina hata pa kuiingizia.

Nilipoteza mchana mzima, laptop ya mteja iko wazi mezani. Nilizima ukaguzi wa saini za draiva (ulinzi wa Windows unaokataa draiva zisizo na saini inayoaminika) kwa kushikilia Shift, kubofya Restart, mpaka kufika kwenye ile namba 7. Draiva ya zamani ikaingia. Kesho yake nikawasha mashine, imegoma tena, maana ruhusa ile huisha ukiwasha upya.

Kumbe nilikuwa natibu ugonjwa mwingine. Fungua Device Manager, bofya kifaa kitufe cha kulia, Properties, Details, kisha Hardware Ids. CH341A huanza na VID_1A86, namba ya mtengenezaji. Kisha angalia PID, namba ya bidhaa: ukiona PID_5512, iko kwenye hali ya kusoma chipu na inataka draiva ya CH341PAR. Ukiona 5523, jampa (kile kifuniko kidogo kinachounganisha pini mbili kwenye programa) imekaa upande wa serial: CH341SER itaingia bila ubishi, utapewa COM (mlango wa serial) yako safi kabisa, na programu ya kuandikia BIOS itaendelea kusema haioni kitu. Yangu ilikuwa 5523. Kijampa kidogo hivyo!

Hamisha jampa, kisha pakua CH341PAR kwa WCH, watengenezaji wa chipu yenyewe. Toleo lao jipya lina saini, kwa hiyo huna haja ya kugusa Memory Integrity (ulinzi mwingine wa Windows) wala ukaguzi wa saini. Zile zip za "programu kamili pamoja na draiva" ziache huko huko.

Kusema kweli, siku hizi kazi hii naifanyia Ubuntu inayowaka kutoka kwenye flashi. Hakuna draiva ya kutafuta. Naweka flashrom, programu ya kusoma na kuandika chipu, kisha:

sudo flashrom -p ch341a_spi -r moja.bin

Nasoma tena kwenye mbili.bin na kulinganisha kwa cmp. Zikitofautiana hata baiti moja, siandiki chochote. Naibana upya klipu inayoshika miguu ya chipu. Kwa chipu ya W25Q64 kila faili liwe na baiti 8,388,608.