Yeremia alinunua shamba mji ukiwa umezingirwa: tumaini lake ni la namna gani?

Swali: Shikamoo, mwalimu. Ninafundisha darasa la Biblia katika usharika wetu, na sasa tumefika Yeremia sura ya 32. Wanafunzi wanauliza: ikiwa Yeremia alihubiri maangamizi miaka yote, sura za faraja, yaani ya 30 hadi ya 33, ni zake au ziliongezwa na watu wa baadaye? Tena tumaini lake lina tofauti gani na la Hanania, ambaye naye alitabiri mema lakini akahesabiwa kuwa nabii wa uongo?

Jibu: Marahaba, ndugu mwalimu. Maswali hayo mawili yanashikana, kwa sababu anayedhani kwamba hukumu na tumaini haviwezi kutoka katika kinywa kimoja ndiye hulazimika kumtafutia kila ujumbe mwandishi wake. Kwa Yeremia, tumaini halipunguzi hukumu hata kidogo. Linatamkwa na mtu aliyekwisha kukubali kwamba Yerusalemu utaanguka, nalo linahusu yatakayotokea baada ya kuanguka huko. Hata katika wito wake, 1:10, anatumwa kung'oa, kubomoa, kuharibu na kuangamiza, kisha kujenga na kupanda.

Kuhusu uandishi, si sahihi kuzichukua sura hizo nne kama kipande kimoja. Sehemu kubwa ya sura ya 30 na ya 31 inamlenga Efraimu, yaani ufalme wa kaskazini ulioangushwa na Waashuru, na wataalamu wengi wanaona kwamba humo yamo maneno ya Yeremia ya miaka ya mwanzo, wakati wa Yosia mfalme wa Yuda. Kwa upande mwingine, 33:14-26 haimo kabisa katika tafsiri ya kale ya Kiyunani iitwayo Septuaginta, ambamo kitabu cha Yeremia ni kifupi kwa takriban sehemu moja ya nane, na vipande kadhaa vya Kiebrania vilivyopatikana Qumran, karibu na Bahari ya Chumvi, vinaonyesha kwamba ufupi huo haukuwa uzembe wa mtafsiri bali ulitokana na nakala nyingine ya Kiebrania. Kwa hiyo mwanafunzi anayesema kwamba kitabu kiliendelea kukua hakosei. Anayesema kwamba tumaini lote lilibandikwa baadaye anakwenda mbali kuliko ushahidi, na kizuizi kikubwa zaidi njiani mwake ni hilo shamba la Anathothi, kijiji cha kwao Yeremia, ambalo yeye alilinunua katika sura ya 32.

Tazameni tukio lenyewe. Ni mwaka wa kumi wa Sedekia mfalme wa Yuda, yapata mwaka 587 KK. Jeshi la Babeli limeuzingira mji, na Yeremia amefungwa katika uwanda wa walinzi kwa sababu ya mahubiri yake. Binamu yake Hanameli anamjia na kumtaka anunue shamba la ukoo, kwa kuwa haki ya kulikomboa ni yake, kwa mujibu wa desturi ya Walawi 25:25 inayotaka ardhi ya ndugu aliyepungukiwa ibaki mikononi mwa ukoo. Anathothi ilikuwa kilometa chache tu kaskazini-mashariki mwa Yerusalemu, nje ya kuta, upande walikokuwa adui. Yeremia anapima shekeli 17 za fedha, kama gramu 190 hivi kwa vipimo vya Yuda, kisha anafuata taratibu zote za sheria: hati inaandikwa, mashahidi wanatia sahihi, nakala moja inatiwa muhuri na nyingine inaachwa wazi, na Baruku, mwandishi wake, anaagizwa mbele ya watu wote aziweke katika chombo cha udongo ili zidumu siku nyingi.

Utaratibu wa nakala mbili si pambo la hadithi. Hati za namna hiyo zimepatikana katika mapango ya jangwa la Yudea, ingawa ni za karne ya 2 BK: maandishi yaleyale huandikwa mara mbili, moja ya kusomwa wakati wowote, nyingine ikiwa imefungwa na kutiwa muhuri ili ifunguliwe mbele ya waamuzi pakitokea ugomvi. Mwaka 1982 wachimbuaji katika Mji wa Daudi, sehemu ya kale ya Yerusalemu, walipata mihuri ya udongo 51 katika nyumba iliyoteketea Wababeli walipouangamiza mji. Hati za mafunjo zilizofungwa nayo ziliungua, lakini moto uleule uliikausha mihuri ikadumu, na mmoja wao una jina la Gemaria mwana wa Shafani, ambaye yumkini ni yule wa Yeremia 36:10. Ukikumbuka jinsi hati za mji ule zilivyoteketea, utaona kwa nini agizo la chombo cha udongo lilikuwa na uzito.

Jambo ninalolipenda zaidi katika sura hiyo ni kwamba Yeremia analipa kwanza, ndipo anauliza. Sala yake ya aya ya 16 hadi ya 25 inaishia katika mshangao: mji umekwisha kutiwa mikononi mwa Wakaldayo, yaani Wababeli, nawe unaniambia ninunue shamba! Tumaini lake halikumwondolea hofu wala maswali, na fedha ilikuwa imekwisha kupimwa.

Sasa mlinganisheni na Hanania wa sura ya 28. Yeye alisimama hekaluni na kuahidi kwamba katika miaka miwili vyombo vya Hekalu vilivyochukuliwa Babeli vitarudi, pamoja na mfalme Yekonia na mateka wote, kisha akaivunja nira ya mti ambayo Yeremia aliivaa shingoni kama ishara ya kuitumikia Babeli. Kabla nira haijavunjwa, Yeremia aliijibu ahadi hiyo kwa Amina, naye alimaanisha. Alitamani iwe kweli. Kosa la Hanania halikuwa kutabiri mema. Aliahidi kurudi bila kukubali kwanza kwamba kuna kwenda uhamishoni, na watu waliomsadiki wangeendelea kuishi kama walivyoishi. Maneno yake hayakumgharimu kitu, wala hayakumtaka msikilizaji abadilike.

Yeremia mwenyewe hakula mazao ya shamba lile kwa habari tulizo nazo, kwa kuwa alichukuliwa kwenda Misri (sura ya 43). Lakini Koreshi mfalme wa Uajemi alipoitwaa Babeli mwaka 539 KK na mateka wakaruhusiwa kurudi, Ezra 2:23 inawataja watu 128 wa Anathothi miongoni mwao. Ni kijiji kilekile ambacho watu wake walikusudia kumwua Yeremia, na ambacho 11:23 ilisema hakitaachiwa mabaki.

Mkirudi kwenye 29:11, aya ya mawazo ya amani na tumaini inayoandikwa sana katika kadi za mahafali, iliyomo katika barua ya Yeremia kwa mateka wa Babeli, isomeni pamoja na aya ya 10, inayotaja miaka 70. Wengi wa waliopokea barua ile wakiwa watu wazima walikuwa wakiambiwa kwamba watazikwa ugenini, na ndiyo sababu aya ya 5 na ya 6 zinawaagiza wajenge nyumba, wapande bustani, na kuwaoza watoto wao hukohuko.