Maswali Yenu: Wazee wa Hollywood na Fiksi Zao

Maswali ya safari hii mengi ni yaleyale, nimeokota haya machache.

Ni kweli Hollywood ilianzishwa na watu waliomkimbia Edison?

Hili nimelijibu mpaka mdomo umekauka. Ni kweli Edison, yule mvumbuzi wa Marekani, na wenzake waliungana mwishoni mwa 1908 wakalifunga soko la filamu kwa hataza zao, yaani haki za kisheria za uvumbuzi, hulipi basi unaburuzwa kortini. Lakini hebu fikirieni, kampuni ya Selig ilikuwa ndani ya umoja huohuo na 1909 tayari inapiga picha Los Angeles, Biograph nao wanachama wakampeleka mwongozaji wao Griffith huko 1910, sasa hawa walikuwa wanamkimbia nani, wanajikimbia wenyewe? Walifuata jua bwana, filamu nyingi zilipigwa kwa mwanga wa mchana, na kule unapata bahari, milima na jangwa bila kusafiri mbali. Halafu hataza ya Marekani inabana California kama inavyobana New York.

Warner Bros ilianzishwa na nani?

Ndugu wanne wa ukoo wa Warner. Jina limeshajibu, soma kwanza ndo uulize.

Carl Laemmle wa Universal alitajirikaje kutoka sifuri?

Sio sifuri. Alitoka Ujerumani 1884 akiwa na miaka 17, akaja kuwa meneja wa duka la nguo Oshkosh, Wisconsin, ndo 1906 akafungua kijumba cha sinema Chicago. Zukor wa studio ya Paramount alikuwa kwenye biashara ya manyoya, mtayarishaji filamu Goldwyn anauza glavu, yaani hawa walimjua mteja kabla hawajaijua kamera. Ila hizi hadithi za "maskini akawa tajiri" muwe nazo macho, nyingi zilipikwa na maofisa wao wa matangazo. Mwaka 1910 ulivuma uvumi kwamba Florence Lawrence, staa mpya wa Laemmle, kafa, Laemmle akalipia tangazo kuwalaani waliozusha, na wengi tunaotafiti tunaamini mzushi alikuwa yeye mwenyewe. Mayer wa studio ya MGM naye alijichagulia kuzaliwa 4 Julai, siku ya uhuru wa Marekani! Mtu wa hivi akikusimulia maisha yake unanukuu tu? Nenda kwenye majalada ya korti na magazeti ya biashara ya wakati ule.

Wanawake walikuwa na studio?

Walikuwa nazo. Alice Guy-Blaché, Mfaransa, alianzisha kampuni ya filamu ya Solax 1910, 1912 wakajenga studio Fort Lee, New Jersey. Kazi zake zimepewa majina ya wanaume miaka na miaka, na bado mnaniletea orodha za "waasisi" hayumo.

Filamu zote bubu za Fox nazipata YouTube?

Huzipati. Ghala la studio hiyo ya Fox la Little Ferry, New Jersey liliungua 1937, nyingi zikaishia hapo. Ukichukua filamu ndefu bubu za Marekani kwa ujumla, kama 70% hazipo tena. Mikanda ile ilikuwa ya naitreti, aina ya plastiki inayowaka upesi, ikishika moto hata maji hayaizimi, na wewe uliyesema umekuta makopo ya zamani stoo kwa babu na unatafuta projekta uyajaribu, usiyajaribu, yaweke mbali na joto umtafute mtu wa nyaraka za filamu ayaangalie kwanza.