Redio inakwaruza bondeni, simu inachelewa: nisikilizeje mechi?

SWALI: Kamwene fundi, na shikamoo. Niko kijiji kimoja cha Makete, bondeni. Nalima viazi na nina genge dogo. Redio yangu ya betri inashika TBC Taifa kwa kukwaruza, na mechi ikinoga ndiyo inapotea kabisa. Nikipanda nayo shamba la juu inasikika safi. Nimejaribu kwa simu, bando linayeyuka, halafu jirani yangu ana kibanda umiza: watu wake wanashangilia goli wakati mimi kwenye simu mpira bado uko katikati ya uwanja. Kuna mtu ananiuzia redio kubwa yenye sabufa kwa 150,000. Ninunue? Na kwenye simu nifanyeje?

JIBU: Kamwene, na marahaba. Hiyo laki na nusu irudishe mfukoni kwanza. Sabufa inaongeza mdundo, haiongezi mawimbi. Redio inayokwaruza kwenye spika ndogo itakwaruza kwa kishindo kwenye spika kubwa, na mtaa mzima utasikia mkwaruzo wako.

Jibu la nusu ya swali umelitoa mwenyewe, pale uliposema ukipanda shamba la juu redio inasikika safi. Maana yake redio ni nzima. Tatizo ni mlima. Mawimbi ya FM yanakwenda karibu sawa na mwanga wa tochi: yanataka njia nyeupe kutoka mnarani hadi kwako, na kilima kikikaa katikati unabaki kivulini. Ukitaka kuliona hili kwa macho, panda gari lenye redio kutoka Chimala kwenda Matamba kwa zile kona 57. Kona hii mtangazaji anaongea kama yuko kiti cha nyuma, kona inayofuata ni chenga tupu, ya tatu amerudi. Dereva anaipiga redio ngumi bure. Ni bega la mlima tu limepita kati yake na mnara.

Wazee watakwambia zamani Redio Tanzania ilifika popote, hasa usiku. Ni kweli, ila ile ilikuwa masafa ya kati na masafa mafupi. Jua likizama, masafa ya kati hugonga tabaka la juu la anga na kurudi chini mbali sana, yakaruka milima yote hii. FM haina mchezo huo. Inapita anga na kwenda zake.

Sasa dawa. Ya kwanza haina gharama: toka nje. Nyumba ya bati ni sufuria iliyofunikwa, mawimbi yanaingia kwa shida. Sogea barazani, vuta antena yote, kisha izungushe taratibu, uisimamishe na kuilaza. Hatua moja inaweza kubadilisha kila kitu, kwa sababu mawimbi ya FM ni marefu kama mita 3, na bondeni yanakufikia kwa njia mbili: mengine yamenyooka, mengine yamegonga mlima wa pili yakarudi. Pale yanapokutana na kupingana sauti inakufa. Ukisogea sentimita 70 hivi yanasaidiana. Ndiyo maana mtu akikaa karibu na redio inanyamaza, akiinuka inaongea. Si uchawi.

Kabla hujagusa waya, zima taa. Nasema kweli. Balbu nyingi za bei ya chini, chaja za simu na hata baadhi ya vidhibiti vya sola hutoa kelele ya umeme inayoingia moja kwa moja kwenye redio. Mteja wangu mmoja wa Uyole, hapa Mbeya, aliniletea redio mara tatu akisema inakoroma kila jioni. Dukani kwangu haikoromi. Mara ya nne nikamfuata nyumbani: ilikuwa imewekwa juu ya betri ya sola, pembeni ya kidhibiti chake. Tukaisogeza dirishani, mita 4 tu, ikanyamaza kukoroma. Hela ya ufundi niliona aibu kuchukua, nikachukua ndizi.

Dawa ya pili ni waya, na hapa nakuomba usikimbie. Tafuta waya wa spika, ule wenye njia mbili zilizoshikana, urefu wa mita 5 au 6. Ule wa spika iliyokufa unafaa. Upande mmoja, zitenganishe zile njia mbili kwa urefu wa sentimita 75, uzitanue zisimame kama herufi T. Kwa nini 75? Stesheni za FM ziko kati ya megahezi 87.5 na 108, na robo ya urefu wa wimbi lake ni karibu kipimo hicho. Waya wenye kipimo sahihi unaitika, kama kengele inavyoitika ikigongwa panapostahili. Zile pembe mbili zipigilie kwenye fito au mwanzi mkavu, usitumie chuma, kisha uusimamishe mwanzi juu kuliko paa. Shina la T linashuka hadi kwenye redio. Menya ganda la njia moja ya waya, uzungushie mara nne au tano kwenye antena ya redio. Njia ya pili iguse hasi ya betri. Ubavu wa T ndio utazame upande wa mnara, yaani ncha zisiuelekee. Usipojua mnara uko wapi, zungusha mwanzi robo kwa robo huku mwenzako anasikiliza na kupiga kelele "hapo hapo!" Jaribu pia kuusimamisha wima, maana baadhi ya stesheni hurusha mawimbi yaliyosimama.

Ukiona kazi hiyo ni kubwa, waya mmoja tu wa mita 3 uliofungwa kwenye antena na kupandishwa kwenye mti unatosha kwa wengi. Usizidishe urefu, redio ndogo zikipewa mawimbi mengi kupita kiasi zinachanganyikiwa: stesheni yenye nguvu inatokea kila mahali na ile unayoitaka inamezwa. Na huko kwenu radi si ya kutania. Wingu likianza kunguruma, chomoa waya kwenye redio na uutoe nje, hata kama ni dakika ya 89. Kamwe usiufunge kwenye nguzo ya umeme.

Kama redio yako ina kitufe cha stereo na mono, weka mono. Stereo inahitaji mawimbi yenye nguvu zaidi, na ule mvumo wa "shhhh" unapungua sana ukiiacha. Mpira hauna haja ya kusikika kushoto na kulia.

Kuhusu vile vifaa wanavyoviita busta, vya kuongeza nguvu ya antena: nilishawahi kuuziwa kimoja dukani, nikakifunga kwa mbwembwe mbele ya mteja, na mkwaruzo ukaongezeka mara mbili. Kifaa hakikuwa kibovu. Kinakuza kila kinachopita kwenye waya, kelele pamoja na mtangazaji. Antena ikiwa kivulini, unakuza kivuli. Inua waya kwanza.

Usisahau kutafuta upya. TBC Taifa ina masafa tofauti kwa kila eneo, na inawezekana unang'ang'ania mnara wa mbali wakati mwingine unakuangalia vizuri zaidi. Siku isiyo na mechi, mchana, pita taratibu kutoka 87.5 mpaka 108 ukiandika kwenye karatasi kila unachokipata. Angalia pia redio za jamii za wilayani. Mnara wao uko karibu, na siku za mechi kubwa baadhi hujiunga na redio za Dar es Salaam. Sauti iliyopita njia ndefu ikarushwa na jirani yako ni bora kuliko ya mbali inayokata.

Tuje kwenye simu. Kwanza tuondoe mkanganyiko mmoja ninaoulizwa kila wiki. Redio ya FM iliyo ndani ya simu na programu ya redio uliyopakua ni vitu viwili tofauti. Ya kwanza haitumii bando hata senti, ila inataka earphone za waya, kwa sababu ule waya ndio antena yake. Earphone za bluetooth haziwezi kazi hiyo. Simu janja nyingi mpya hazina FM kabisa, wakati kiswaswadu cha bei ndogo kinayo, na kingine kina antena ndani kwa ndani. Mimi mwenyewe naendea uwanja wa Sokoine na kiswaswadu.

Programu ya redio inavuta sauti kwenye intaneti, na hapo ndipo bando linapokwenda. Hesabu ni rahisi. Sauti ya kilobiti 64 kwa sekunde, yaani kiasi cha data kinachopita kila sekunde, inakula kama MB 29 kwa saa. Mechi pamoja na mapumziko na dakika za nyongeza ni karibu saa 2, kwa hiyo weka MB 60. Ikiwa ni kilobiti 128, weka MB 120. Picha ya kawaida tu, ya megabiti 1 kwa sekunde, inakula MB 450 kwa saa. Kwa hiyo kama bando la GB 1 linaisha kabla ya filimbi ya mwisho, wewe hausikilizi, unatazama, hata kama simu imelala kifudifudi mezani. Hili hutokea kwa wanaofuata redio kupitia YouTube: studio inaonyeshwa, mtangazaji kavaa hedfoni, na wewe unalipia hedfoni zake. Ukilazimika kutumia njia hiyo, shusha ubora wa picha hadi 144p.

Ikikatakata, usihame programu kabla ya kuangalia mtandao wenyewe. Bondeni simu inahangaika kupanda 4G na kushuka 2G, na kila ikihama sauti inakatika. Ingia kwenye mipangilio ya mtandao, uifunge kwenye aina moja iliyotulia, mara nyingi 3G. Kasi ndogo isiyoyumba inatosha kabisa kwa kilobiti 64. Iweke simu pale inaposhika, dirishani au juu ya rafu ya genge, na wewe usogelee spika. Siku ya Simba na Yanga tegemea msongamano, maana kijiji kizima kinagawana mnara mmoja. Siku hiyo redio ya FM haijali mko wangapi.

Halafu kuchelewa. Hili halina dawa kamili, ni bora ulijue. Sauti ya mtandaoni hukatwa vipande vya sekunde kadhaa, na simu hukusanya vipande vichache kabla ya kuanza kuvicheza ili isikwame njiani. Vipande vitatu vya sekunde 6 ni sekunde 18 tayari, na bado safari yenyewe. Dishi la jirani yako nalo linachelewa, setilaiti iko kilomita 35,786 juu na kuibana picha na kuifungua kuna muda wake, lakini ni sekunde chache.

Nakaa kama kilomita moja kutoka Sokoine. Mbeya City wakifunga, goli hilo hilo mtaani kwetu linashangiliwa mara nne. Kwanza mlio wa uwanja wenyewe unapita juu ya mabati, sekunde 3 baada ya mpira kuingia, maana sauti hewani inakwenda mita 340 kwa sekunde. Karibu wakati huo huo anapiga kelele mzee mwenye redio, ikiwa mtangazaji yuko uwanjani na sauti haipiti mzunguko mrefu kufika kituoni. Kisha kibanda umiza. Mwisho kabisa, watu wameshakaa na kuanza kubishana kama ilikuwa ofsaidi, anaruka kijana wa simu peke yake. Siku moja nilimpima kwa saa: sekunde 38.

Angalizo moja: mechi ya ugenini mbali, mara nyingine watangazaji wanaitangaza kutoka studio wakitazama runinga. Hapo redio haiwezi kuishinda dishi, usinilaumu. Na kama simu ilipigwa katikati ya mechi ukapokea, ukirudi programu inaweza kuendelea pale ilipoachia, ukawa dakika 3 nyuma ya dunia. Ifunge kabisa, uifungue upya.

Ligi ya Uingereza ni hadithi nyingine. Haki za matangazo huuzwa nchi kwa nchi, kwa hiyo BBC Radio 5 Live, kwa mfano, huzuia matangazo ya moja kwa moja ya mechi hizo kwa walio nje ya Uingereza. Si simu yako mbovu. Zile linki za WhatsApp za "bofya hapa utazame mubashara bure" ziache zipite. Nyingi zinataka namba ya siri, na nyingine zinaonyesha mpira wa gemu la kompyuta. Nimemkuta mtu mzima na akili zake ameangalia dakika 20 kabla ya kujiuliza mbona refa hatoki jasho.

Kwa hiyo anza na waya na mwanzi, utatumia elfu chache. Jaribu Ijumaa jioni, usisubiri saa ya mechi. Ikigoma kabisa, kijiji kikiwa kimefichwa pande zote, njia iliyobaki ni kuutega mwanzi kule shamba la juu unakosikia vizuri, ukae nao huko. Chukua betri mpya na koti, maana kipindi cha pili Makete baridi huwa limeshaanza.